Kosea Kidogo

"Kosea," mdogo wake alimwambia kwa vidole, chini ya dawati, wakaguzi wakiwa wameshafika mlangoni.

Binti akamkazia macho. Huyu naye na utundu wake! Mdogo wake alizaliwa hasikii, lakini kwa mzaha shule nzima ilikuwa haimuwezi. Siku moja binti aliteleza akimtafsiria somo la sayansi, mikono yake ikaugeuza moyo kuwa kiazi. Mtoto alicheka mpaka akatolewa nje, na kwa siku kadhaa nyumbani akawa anajishika kifua na kulalamika kwamba kiazi kinamdunda. Bila shaka leo alitaka kiazi kingine, tena mbele ya wageni.

"Acha," binti akamjibu kwa mikono. "Leo ndiyo leo."

Na kweli, leo ndiyo ilikuwa leo. Tangu mwaka jana alikuwa amemwandama mwalimu mkuu. Alimfuata ofisini, akamfuata uwanjani, akamngoja hata nje ya stoo ya chaki, swali lake likiwa lile lile: shule inayojiita ya watoto wote, mbona haina mwalimu wa lugha ya alama? Wenzake walimpachika jina la Mama Usawa, wakawa wanamuuliza kama na paka wa jikoni ameshampigania haki zake. Mwalimu mkuu, mtu mpole ambaye neno hapana halikuwahi kumtoka, alimwambia avute subira mpaka wakaguzi waje waone.

Basi alipokuwa akiivuta hiyo subira, alikaa yeye mwenyewe katika darasa la mdogo wake, akitafsiri somo baada ya somo. Na yeye alikuwa darasa la mtihani! Hesabu alizisoma wakati wa mapumziko, akinakili madaftari ya marafiki huku akitafuna mkate, na mengi aliyoyanakili hakuyaelewa. Alitaka kuwa mkunga. Alijua fika kwamba mwaka ukiisha hivi, ukunga atausikia kwa wenzake. Lakini akiondoka, mdogo wake atashinda akitazama midomo ya watu ikifunguka na kufungika. Angefanyaje? Alibaki, na ilimuuma.

Asubuhi ile mama yao, fundi cherehani, alimpigia pasi mtandio mweupe, akamwombea dua, akamwambia aende tu, Mungu atafungua njia.

Wakaguzi, mwanamume na mwanamke, walikaa nyuma. Mwalimu wa sayansi akaanza mzunguko wa damu kwa kasi, maana naye alitaka aonekane wa maana. Binti akabana mtandio kwa pini, mikono ikaanza kazi. Madrasa walifundishwa kwamba maneno ya mtu uliyopewa uyafikishe ni amana, huyapunguzi wala huyaongezi. Kwa hiyo hakuacha kitu. Alibeba mishipa, akabeba vali, akabeba hata kichekesho cha mwalimu kilichochacha miaka mingi.

Walipofika kwenye moyo, mdogo wake akarudia kwa vidole: kosea. Safari hii macho yake hayakuwa ya kucheka. Binti akajifanya hakuona. Moyo ukabaki moyo.

Mkaguzi wa kike alitoa leso, akamnong'oneza mwenzake kwamba maisha yake yote hajapata kuona kitu kama kile. Binti alisikia, na matumaini yakampanda.

Wakaguzi walipotoka, binti alimuuliza mdogo wake ule ulikuwa mzaha gani. Mtoto akanuna, akaingiza mikono mifukoni, na kwake yeye huko ndiko kufunga mdomo.

Jumatatu, shule nzima ikiwa mistarini uwanjani, mwalimu mkuu alipanda jukwaani uso umemchanua. Bodi imekubali, alisema. Kuanzia sasa hii ni shule jumuishi, kwa maandishi na kwa vitendo.

"Na mwalimu wa lugha ya alama tuliyekuwa tunamtafuta, tumempata. Anaanza leo."

Alhamdulillahi. Binti alilia waziwazi, bila kumwonea mtu haya, na hata wale wa paka wa jikoni walimpigia makofi. Moyoni alikuwa ameshakaa kwenye dawati lake la dirishani. Leo hii hesabu atazisikia kwa mwenye hesabu zake.

Getini basi likapiga honi, mlinzi akalifungulia. Binti akajifuta machozi kwa ncha ya mtandio, ampokee mgeni kwa heshima. Akamtafuta mdogo wake mistarini amwonyeshe: amefika. Mdogo wake hakuwa akipiga makofi.

Mlango wa basi ukafunguka, akashuka mtoto mwenye sare mpya na begi jipya. Akafuata mwingine, na mwingine, mpaka wakajaa kando ya ukuta wa ofisi. Hawakutoa sauti, ila vidole vyao vilikuwa vinakwenda mbio. Mtu mzima aliyeshuka alikuwa dereva peke yake. Alitazama tairi, akarudi kwenye usukani.

Mwalimu mkuu alishuka jukwaani, akaja mpaka aliposimama binti.

"Wakaguzi wamesema kazi yako haina dosari," alimwambia kwa upole, kama mtu anayetoa zawadi. "Haya, mwalimu. Wakaribishe wanafunzi wako."

Binti akafungua mdomo aulize habari ya mtihani wake. Lakini watoto walikwishageuka, wote wakiitazama mikono yake.

Akaiinua, akawakaribisha. Hakukosea hata neno moja.