Siku Bata Mzinga Aliposhiba

Bata mzinga aliruka juu ya meza, akatumbukiza mdomo kwenye donge la unga wa mikate ya tortiya, na Doña Crescencia akamtazama tu. Mwanamke huyu akifukuza kuku kwake, padri anasikia kanisani. Leo kafunga kinywa, kasimama na sinia mkononi.

"Dada," akasema Eleuterio, ndugu yake, "huyo ndege anamaliza unga."

"Mwache. Ana njaa."

"Ana njaa? Tangu lini wewe unamwonea huruma?"

Kumfukuza bata Crescencia alikuwa anatamani, tena kwa fagio, lakini kibuyu alichoshika mumewe kilikuwa cha pili, na cha pili hakikuwa chao.

Mambo yalikuwa hivi. Mumewe, Don Tiburcio, ndiye fundi wa meskali, pombe kali ya mkonge, anayeheshimiwa kuliko wote kijijini. Miaka thelathini anachoma mikonge shimoni, anaisaga kwa jiwe la kuvutwa na farasi, anaikeneka kwenye vyungu vya udongo. Zamani akinusa tu alikutajia mpaka mlima mkonge ulikotoka. Kisha mwezi wa kwanza akashikwa na homa kali. Homa ikaondoka, ikaondoka na pua yake. Sasa mpe meskali, mpe maji yaliyooshewa mchele, kwake ni mamoja. Aliyelijua hilo ni mkewe peke yake. Yeye ndiye aliyenusa kila chungu kipya, mlango ukiwa umefungwa, halafu mume anatoka nje kutangaza kwa maringo.

Shida ni Eleuterio. Naye anakeneka, naye anautaka ufundi mkuu, na siku hizi alikuwa ameanza kunusa jambo. Injinia Barragán alipofika kutoka mjini Oaxaca kutafuta meskali ya kupeleka ng'ambo, Eleuterio akamwahi.

"Si kila chupa itaandikwa jina la fundi? Basi fundi athibitishe. Vibuyu vitano, vya mafundi watano. Nitamimina mimi, chumbani, niandike kwenye karatasi kila kibuyu ni cha nani. Shemeji akiitambua yake, jina ni lake. Akikosea, mniandike mimi."

"Safi kabisa," akasema Injinia. "Na mimi nitaonja, niandike jibu langu kimya kimya. Tuone kama pua zetu zinaelewana."

Jamani, pua ya Barragán! Ilisemekana huko Ulaya watu hawafungui chupa mpaka yeye awe ameipitia. Crescencia aliiogopa hiyo pua kuliko radi.

Basi mke na mume wakakutana haraka nyuma ya lundo la kuni. "Vibuyu nitaleta mimi," akasema Crescencia. "Nitanusa njiani. Nikimfukuza bata, hiyo ndiyo yetu. Nisipomfukuza, wewe tikisa kichwa tu."

Ulikuwa mpango mzuri. Kasoro yake ni moja tu, hawakumshirikisha bata. Na bata mwenyewe Jumapili alikuwa achinjwe, kifua chake kining'inizwe ndani ya mtambo kutia ladha meskali ya sikukuu, kwa hiyo labda aliona adabu haina maana tena.

Kibuyu cha tatu kilipofika, bata akamdonoa Crescencia kidole gumba cha mguu. Akamdonoa tena. Machozi yakamlengalenga mama wa watu, na bado akatabasamu.

Don Tiburcio akatikisa kichwa. "Siyo."

Injinia akazungusha meskali mdomoni, macho juu. "Mmm. Moshi wa mwaloni. Ganda la chungwa. Tandiko la farasi, baada ya mvua." Akamtazama Crescencia, akamtazama bata, kisha akaandika kitu kwenye daftari lake.

Kibuyu cha nne. Crescencia alikinusa akiwa bado mlangoni. Yao! Akatafuta bata kwa macho. Bata alikuwa amelala chini ya meza, ameshiba, kichwa kakichomeka kwenye bawa.

Don Tiburcio akamwaga tone chini, haki ya ardhi. Akanywa. Akangoja. Jasho likamtoka kwenye masharubu. Eleuterio akaanza kucheka taratibu.

"Vipi, shemeji? Hujaipata bado?"

"TOKA!" Crescencia akapiga ukelele. "Toka hapa, mlafi wewe! Mwizi mkubwa! Huna haya! Toka nimesema!"

Bata akafumbua jicho moja.

"Dada, si amelala huyo!"

"Anajifanya! Namjua!"

Don Tiburcio akafumba macho, akaweka mkono kifuani. "Hii," akasema kwa sauti iliyotetemeka. "Hii nimeizaa mimi."

Injinia alikuwa ameinamia daftari, kalamu inakwenda mbio.

Cha tano wakakionja kwa heshima tu. Kisha daftari likafunguliwa mbele ya wote: nne. Eleuterio akatoa karatasi yake mfukoni, akaisoma, akaigeuza, akaisoma tena. Nne. Akakaa kwenye gogo, akakinyakua kibuyu cha tano na kukimaliza peke yake, hata salamu za kuaga hakuitikia.

Wakakumbatiana, mkataba ukatiwa sahihi, jina la Don Tiburcio kwa herufi kubwa. Mzee akaenda kumfungulia Injinia lango huku akijipigia mluzi.

Injinia akabaki nyuma kidogo. Akamshika Crescencia mkono kwa mikono yake miwili, akainama sikioni kwake.

"Asante sana, mama," akanong'ona. "Kwa kawaida nakuja na mke wangu, yeye hunusa, kisha hukohoa. Leo amebaki mjini. Bila huyo bata wako ningeumbuka."