Filamu Isiyotujua

Asubuhi ile Sikudhani alikuwa jikoni akichekecha unga wa muhogo. Haukuwa wa ugali, ulikuwa wa kumpaka mzimu usoni. Mzimu wenyewe ni Hidaya, shoga yake wa nyumba ya pili, na damu ya filamu yao ilikuwa juisi nyekundu ya rozela.

Siku hizi watu hawatengenezi filamu. Televisheni ya kila nyumba inatunga yenyewe. Inasikiliza mnavyoongea, inajua kila mmoja anaogopa nini, halafu inawaletea hicho hicho.

Filamu yao waliirekodi uani kwa simu kuukuu isiyo na mtandao, wakamwonyesha Bibi chumbani kwake, mlango umefungwa. Mzimu ulipochungulia kutoka ndani ya pipa, Bibi alipiga yowe, kisha akacheka mpaka akashika mbavu.

"Jamani! Mzimu gani huu unapiga chafya?"

"Unga, Bibi," Hidaya akasema.

"Hebu rudieni, wajukuu zangu. Hii inanitisha, lakini hainijui."

Wakala kiapo kwamba televisheni isiione. Hidaya akaenda kuificha simu kwao.

Jioni, sebuleni, televisheni ikaanza filamu mpya. Msichana mweupe pee akachungulia kutoka ndani ya pipa, akapiga chafya. Baba na Mama wakajikunyata.

Bibi hakucheka. Alimgeukia Sikudhani, akanong'ona, "Mmeshaipa?"

Sikudhani akaingia chooni na simu yake, akaandika: "Shoga, niambie kweli. Umeionyesha wewe, au televisheni ilitusikia?"

Tiki mbili zikawa za bluu. Hidaya akaanza kuandika, akaacha.