Kete ya Sitini na Nne

Miaka hiyo marehemu walirudi nyumbani ndani ya flashi, wakiwa wameondolewa kasoro zote kama sheria ilivyotaka. Bi Mwanakombo alimchomeka mumewe kwenye kimashine cha gemu za zamani kilichounganishwa na runinga, naye akatokea kwenye orodha, chini ya mbio za magari: Bao na Mzee Shekue.

"Baba anacheza vizuri, Mama," alisema binti yake, Saumu.

"Huyu si babako. Babako alikuwa mwizi wa kete."

Alasiri moja alizihesabu kete kwenye skrini: sitini na tatu, badala ya sitini na nne. Runinga ikakohoa kidogo, vile vile mumewe alivyokohoa kila alipoficha kitu.

Flashi ikionekana na kasoro, hurudishwa ikafutwe. Bi Mwanakombo akapunguza sauti ili Saumu asisikie, akakaa kitako, akaibiwa hadi magharibi.