Behewa la Ng'ombe

"Mnyamwezi wee, bado upo Dar? Kesho nyie wote tunawapakia behewa la ng'ombe, mrudi kwenu Tabora."

Mwalimu Jabiri alisimama mlangoni, akalitoa lile lake la kila siku. Kidato cha nne kizima kikacheka. Yeye Mzaramo, mie Mnyamwezi. Sie ni watani. Mama yangu alipofariki, ni Jabiri aliyeingia kaburini akagoma kutoka mpaka nicheke, na nilicheka kweli.

Ila dakika tano kabla, nilikuwa nawafundisha watoto hawahawa jinsi Wayahudi wa Ulaya walivyopakiwa kwenye mabehewa ya ng'ombe, wakapelekwa kuuawa. Msichana wa dawati la mbele aliniuliza, "Mwalimu, ilianza kwa maneno tu?" Nikamwambia ndiyo.

Msichana huyo sasa hakucheka. Alikuwa ananiangalia mie.

Jabiri naye alinisubiri akitabasamu, maana mtani lazima ajibiwe. Jibu langu analijua: "Kwenda huko, kupe wee."

Sikujua nicheke au nimfukuze. Niligeukia ubao. Chini ya kichwa "Wayahudi waliitwaje", nilikuwa nimeandika kwa mkono wangu: panya, kupe.