Nusu ya Kicheko

Tangu sheria iingize vicheko katika haki za wake wenza, kila mume wa wake wawili huvaa pete inayosikiliza na kuhesabu. Pete ya Khelefu ilionyesha kuwa kwa Raya, mke mwenzangu, hucheka robo saa kwa siku. Kwangu, hata jino halionekani.

Nikaenda kwa kadhi. "Nguo sawa, siku sawa," nikasema, "mbona kicheko chote anakimalizia kule?"

Kadhi akaisoma pete, akanipa haki yangu: nusu kwa nusu. Nasikia Raya alinuna wiki nzima. Nilifurahi, sifichi.

Basi zamu yangu ikifika, Khelefu huketi mkekani, akacheka dakika saba na nusu, macho kwenye pete.

"Zimetimia?" huniuliza.

"Zimetimia."

Kisha hunyamaza, akanitilia uzi kwenye sindano, nami nikashona kofia, kama tulivyozoea miaka kumi na tisa.

Leo asubuhi umekuja wito. Raya analalamika kwamba kwake mume hatulii kimya hata kidogo, na kwangu hukaa saa nzima. Anadai nusu yake.

Nusu ya kimya changu! Mwanamke yule ana jicho.

"Ongea," nikamwambia Khelefu jioni, dakika zake za kucheka zilipotimia. "Sema lolote, pete isikuandike umenyamaza."

"Niseme nini, mke wangu?"

Akanitazama nilivyofura, akacheka. Kicheko cha kweli, sijapata kukisikia tangu harusi.

Pete ikawaka nyekundu: ziada, haki ya Raya.

Nikaifunika kwa viganja vyote viwili.