Jani la Isale

Kitanda kilikuwa kimeshatolewa nje, Apolonia amekikalia katikati ya migomba kama mgonjwa anayesubiri wageni. Vijana wa dalali wa mahakama walikuwa wanang'oa mlango.

"Rufaa bado," alisema Apolonia. "Wakili kanipigia, jaji anasoma ombi la zuio sasa hivi. Subirini kidogo tu."

"Mama, mimi nina amri hii moja," alisema dalali. "Ikija nyingine, nitakurudishia mpaka mwiko."

Nyuma ya dalali alisimama shemeji yake Apolonia, aliyeshinda kesi ya nyumba na shamba, mikono mfukoni. Tangu waanze kushtakiana hawajasalimiana.

Apolonia aliinuka kwa kushika kiuno. Akaenda mpakani mwa shamba, akachuma jani la isale, mmea wa mipaka, akalipiga fundo. Jani hilo Mchagga akiletewa hakatai, akilipokea, amesamehe. Tatizo, hulipeleka mwenye kosa, na kwa miaka yote ya kesi Apolonia alikuwa ameapa kwamba hana kosa.

Akamnyooshea shemeji.

"Kwa kosa gani?" aliuliza shemeji, macho kwenye fundo.

"Pokea kwanza, shemeji. Kosa tutalitafuta tukishakaa."

Nyundo zikanyamaza. Mlango ulikuwa umebaki na bawaba moja.

Shemeji akatoa mkono mfukoni.