Silaha ni Mwiko

Kisu kilikuwa ndani ya taulo, taulo lilikuwa ndani ya kapu, na kapu lilikuwa la mama mkwe. Kinyozi alikuwa amekichomeka humo mwenyewe asubuhi, mama mkwe alipokuwa bafuni. Sasa alikuwa amesimama kwenye foleni ya meli ya kitalii, mpole, mikono nyuma.

Juu ya mlango wa ukaguzi palikuwa na tangazo la herufi nyekundu: SILAHA NI MWIKO MELINI. ATAKAYEKUTWA NAYO HAPANDI.

"Hapandi," kinyozi akarudia moyoni. Neno tamu hilo!

Jamani, msimhukumu haraka. Tangu aoe hajawahi kukaa na mkewe peke yao hata siku moja. Mama mkwe alikuja kuwasalimia wiki moja baada ya harusi, na salamu hizo hazijaisha mpaka leo. Kinyozi akipiga chafya chumbani, anaitikiwa "Afya!" kutoka sebuleni. Akimnong'oneza mkewe jambo usiku, asubuhi anapewa ushauri na mwingine. Alipojinyima akakata tiketi za wiki nzima baharini, hesabu yake ilikuwa watu wawili.

"Na mama je?" mkewe akauliza. "Tumwache na nani?"

Kinyozi akajichekesha, akakata na ya tatu. Tena kwa kujipendekeza akamwendea mama mkwe mwenyewe, akamwambia, "Mama, bila wewe safari hainogi." Mama mkwe akaigeuzageuza tiketi, kisha akasema, "Ahsante, mwanangu. Siwezi kukuvunja moyo."

Zamu yao ikafika. Mama mkwe, ambaye njia nzima hakufungua mdomo, ajabu ya mwaka, akaliweka kapu lake kwenye mashine. Askari wa ukaguzi, mwanamke mwenye sauti ya mwalimu wa zamu, akakikazia macho kioo chake.

"Mama, humu umebeba nini?"

"Silaha," mama mkwe akajibu, kwa sauti ya kusikika mpaka mwisho wa foleni.

Kinyozi moyo ukamlipuka kwa furaha. Mama mkwe akatia mkono kapuni, akatoa mwiko wa jikoni, mkubwa, mweusi kwa moshi.

"Huo ni mwiko, mama."

"Si ndivyo mlivyoandika? Silaha ni mwiko. Haya, mwiko huu hapa."

"Pale mwiko maana yake marufuku, mama yangu."

"Ndiyo nasema. Nimeleta marufuku." Akatoa wa pili, akatoa na wa tatu. "Huu sasa ndio hatari. Marehemu mume wangu angekuwepo angekueleza."

Askari akashtuka. "Alikufa kwa mwiko?"

"Alikufa kwa uzee. Lakini kovu kazikwa nalo."

Foleni nzima ikaangua kicheko. Askari mwenyewe alikuwa anajifuta machozi. "Pita, mama, pita ukapumzike. Na miiko yako chukua."

"Mwanangu, usinionee haya kwa sababu ya mvi. Sheria ni msumeno."

"Mama, pita!"

Akapita, anajikokota, kapu mkononi. Kinyozi akabaki ameduwaa. Na kisu je? Mashine imelala? Alikuwa bado anajiuliza hivyo mashine ikalia, na lililokuwa ndani safari hii lilikuwa begi lake.

Askari akafungua zipu. Akatoa taulo. Akalikunjua, na kisu cha jikoni kikaanguka juu ya meza, kang'a!

"Hilo taulo si langu!" kinyozi akaruka.

"Ni la mama," mkewe akasema. "Kapu lake lilikuwa limefurika, nikalihamishia kwako." Kisha akakitazama kisu vizuri. "He! Si ndicho nilichokitafuta asubuhi ukaniapia kwamba hujakiona?"

Mtu anajitetea vipi hapo? Aseme alikificha kwenye kapu la mama mkwe? Bora aseme anataka kuiteka meli.

"Mimi hapa nauliza begi tu," askari akasema. "Begi la nani?"

"Langu," kinyozi akasema.

"Basi hupandi."

Mkewe alimwangalia mumewe, akaiangalia meli, akamwangalia mama yake aliyesimama upande wa pili wa kamba. Alisikitika, kwa kweli alisikitika, lakini honi ikapigwa. "Tiketi hazirudishwi, mume wangu. Na mama siwezi kumwacha aende peke yake. Chakula kipo kwenye friji." Akambusu shavuni, akakimbilia ngazi.

Kinyozi akabaki anashika kamba, anataka kulia. Wiki nzima! Mke wake, bahari, mwezi, na yeye anarudi nyumbani kula kiporo. Alipoinua macho, mama mkwe alikuwa amerudi mpaka mbele yake. Akajiandaa kusimangwa. Mama mkwe akamshika mkono, akaukaza. Alikuwa anaitupia meli jicho la woga, na machozi yanamlengalenga.

"Kumbe anayetaka kubaki anabeba kisu, si mwiko!" akanong'ona. "Mwanangu, mbona hukuniambia?"